Sifa za Ombi la Kazi ya Chipsi

Ombi la kazi ya chipsi ni bahasha ya kaki yenye karatasi zisizopungua saba, ambayo kijana wa Likoni, Kisauni au Changamwe huipeleka kwenye mkahawa wa kuku na viazi ili aruhusiwe kuosha masinia, kupiga deki na, Mungu akijaalia, kusimama kaunta. Wengi hulidharau. Huliona kuwa shughuli ya kupitisha muda kwa aliyekosa mtu wa kumshika mkono bandarini. Dharau hiyo haina msingi. Hakuna chuo, chama cha siasa wala ofisi ya serikali iliyowahi kuwatendea vijana wa ng'ambo hizi yale wanayotendewa na ombi hili: huwakamilishia uraia wao, karatasi baada ya karatasi, kwa pesa zao wenyewe, na haliwaahidi kitu.

Chakula cha haraka chenyewe si kigeni Mombasa. Viazi vya karai, bhajia, katlesi na mishikaki vililiwa kwa kusimama miaka mingi kabla mtu hajasikia habari za kuku wa Kentucky. Hadi leo vibanda vya chipsi vilivyo karibu na feri ya Likoni huajiri kwa njia ya kale. Kijana husimama kando ya karai, huamkia, na mwenye kibanda humuuliza bila kuinua macho, "We mtoto wa nani?" Akitaja mama anayejulikana mtaani, hupewa kisu na ndoo ya viazi siku hiyo hiyo. Jioni hulipwa. Kasoro ya utaratibu huo yaonekana wazi: hauna fomu. Mtu huanza kula kabla haijathibitishwa kwamba yupo.

Kasoro hiyo ilirekebishwa Marekani. Mwaka 1948 ndugu wawili, Richard na Maurice McDonald, walifunga kwa muda mkahawa wao wa San Bernardino, California, kisha wakaufungua upya na jiko lililokatwakatwa vipande: huyu ageuze nyama, yule akaange viazi, mwingine afunge kwa karatasi. Shabaha ilikuwa kupata jiko lisilohitaji mpishi. Kazi iliyotaka miaka ya kufundishwa ikawa ya kujifunza kwa siku chache. Lakini ugumu haupotei hivi hivi. Ulipoondolewa kwenye kazi ulihamia kwenye kuiomba, na huko ukastawi. Aprili 2011 McDonald's ilitangaza siku ya kuajiri kote Marekani. Ikapata maombi zaidi ya milioni moja na kuchukua watu wapatao 62,000, yaani sita hivi katika kila mia. Kiwango hicho ni karibu sawasawa na cha wanafunzi waliokubaliwa Chuo Kikuu cha Harvard mwaka huo. Tofauti ni kwamba aliyekataliwa na Harvard huona fahari kulisimulia.

Mwaka huo huo wa 2011 KFC ilifungua mkahawa wake wa kwanza wa Kenya, jijini Nairobi, na baadaye mikahawa ya mtindo huo ikateremka hadi pwani, ikapendelea mjini na maduka makubwa ya Nyali. Haki ya ombi ndani ya mfumo huu haibagui mtu wala kitu. Januari 2022 chipsi zilikwisha katika mikahawa ya KFC nchini kwa sababu meli zilizoleta viazi kutoka nje zilichelewa. Wakenya wakauliza, viazi vyetu vya Nyandarua vina nini? Kampuni ilijibu kwamba kila mwenye kuiuzia bidhaa sharti kwanza apitie taratibu za kimataifa za kuthibitisha ubora. Kwa maneno mengine, kiazi cha Nyandarua hakikuwa kimetuma maombi. Kijana wa Mtopanga anayelalamika kwamba anadaiwa vyeti vingi akumbuke kwamba kuna kiazi kilichokosa nafasi hiyo kikiwa na umri mdogo kuliko wake na afya njema.

Sehemu ya kwanza ya ombi ni barua na wasifu, na zote mbili huzaliwa kwenye saiba, duka la kompyuta na intaneti. Mwenye saiba anayo barua moja ya Kiingereza, iliyoandikwa zamani na mtu asiyejulikana, ambayo imewaombea kazi watu wa Magongo, Bombolulu na Mtongwe bila kubadilika ila jina na tarehe. Humo kila mwombaji ni mchapakazi, mwaminifu na mwenye kuweza kufanya kazi chini ya shinikizo. Kwenye wasifu, chini ya mambo anayoyapenda, huandikwa kusoma, kuogelea na kusafiri. Kusafiri ni kweli tupu: anayekaa Likoni na kutafuta kazi Nyali husafiri kwa miguu, kwa feri na kwa matatu mbili kabla ya kuonana na soja wa mlangoni.

Tatizo pekee la wasifu ni uzoefu. Tangazo hutaka mtu wa miaka kumi na minane hadi ishirini na kitu ambaye tayari amekaanga kwa mwaka mmoja, na hapa ndipo ombi linapomfundisha kijana sanaa ya uandishi. Aliyekuwa akimsaidia shangazi kukanda mahamri alfajiri huandikwa msaidizi wa uzalishaji katika biashara ya familia. Aliyehesabu nauli kwenye matatu ya Changamwe huwa mtaalamu wa kupokea fedha na kuhudumia wateja, jambo ambalo, ukilitazama vizuri, si uongo. Anayeweza kumrudishia chenji abiria mwenye hasira ilhali gari limekwisha kuondoka amehitimu kuliko mafunzo yoyote ya kaunta.

Cheti cha KCSE hufuata, kisha namba ya utambulisho ya mlipakodi, PIN, kutoka Mamlaka ya Ushuru. Namba hii ina uzuri wa pekee. Kwa agizo la mishahara lililoanza Novemba 2024, kima cha chini cha kibarua wa kawaida Mombasa kilikuwa shilingi 16,113.75 kwa mwezi, bila posho ya nyumba. Kodi ya mapato kwa mwajiriwa humwanza aliyevuka shilingi 24,000. Kwa hiyo kijana hupewa namba ya kulipia kodi asiyodaiwa, kwa mshahara asioupata, na akishaipata anatakiwa na sheria kuwasilisha taarifa ya mapato yake kila mwaka kabla ya tarehe 30 Juni kwisha. Asiye na mapato huwasilisha sifuri. Akichelewa kuitangaza sifuri yake, faini ni shilingi 2,000. Ni watu wachache duniani ambao ufukara wao hutunzwa kwa umakini wa namna hiyo.

Cheti cha tabia njema hutolewa na Idara ya Upelelezi wa Jinai. Mwombaji huingia tovuti ya serikali ya eCitizen, hulipa shilingi 1,050, kisha huenda Huduma Centre, ile iliyo kwenye jengo la Posta mjini, akapakwe wino vidole vyote kumi. Karani humshika kidole kimoja kimoja, hukibingirisha kwenye wino, hukibingirisha tena kwenye karatasi, na humwambia alegeze mkono. Kila mtu huukaza. Kijana wa Shika Adabu huvuka feri jioni hiyo akiwa na ncha nyeusi za vidole, na mashoga wa mama yake wakimwona hujua kwamba ana mambo makubwa. Cheti chenyewe hueleza kwamba polisi hawana habari zake. Mtaani kwake, ambako misako hupita usiku na kusomba waliokuwa kibarazani, kutojulikana na polisi si jambo dogo, na ni busara kuwa nalo kwa maandishi.

Cheti cha afya ndicho kilele. Kanuni za usafi wa chakula zilizo chini ya Sura ya 254 ya Sheria za Kenya humtaka kila anayeshika chakula cha kuuzwa apimwe, na cheti hudumu miezi sita tu. Mzizi wa tahadhari hii ni wa heshima. Mwaka 1907 iligunduliwa New York kwamba mpishi mmoja, Mary Mallon, alikuwa akiwaambukiza homa ya matumbo watu aliowapikia, ilhali yeye mwenyewe haugui. Aliachiliwa mwaka 1910 kwa sharti asipike tena, akapika, na kuanzia 1915 alitengwa hadi alipokufa mwaka 1938. Kila kopo la sampuli linalopelekwa leo kwenye maabara ya hospitali ya Port Reitz au ya Likoni ni heshima kwa bibi huyo. Kopo lenyewe ni dogo, limeandikwa jina juu ya kipande cha plasta, na kwa kuwa mifuko ya plastiki ilipigwa marufuku nchini Agosti 2017 hufungwa kwa ukurasa wa gazeti. Mwombaji hulipakata ndani ya tuktuk kama mtu aliyebeba mayai, na abiria wa pembeni akiuliza ni nini hujibiwa ni dawa. Somo la kwanza la kuhudumia wateja, kutabasamu huku umeficha yaliyomo, hufunzwa hapo na bila ada ya ziada.

Ikumbukwe kwamba mwaka 2022 Sheria ya Ajira ilirekebishwa ili mwajiri asimdai mtu vyeti vya kuthibitishwa na serikali mpaka awe amekusudia kumpa mkataba. Marekebisho hayo yalikuwa na nia njema, na yangeweza kuliua ombi lote. Kwa bahati waombaji wenyewe wamelinda mila. Yupi atakayepeleka bahasha nyembamba ilhali mwenzake wa Mikindani amepeleka nene? Bahasha humpimia soja uzito wa mtu kabla mtu hajafungua mdomo.

Anwani yataka maelezo yake. Kijana akiandika Kisauni, aliye upande wa pili wa meza hukumbuka habari za magenge ya mapanga alizosikia redioni. Akiandika Likoni, hukumbuka feri. Akiandika Changamwe, hukumbuka msongamano wa malori. Ni Nyali peke yake isiyomkumbusha mtu kitu kibaya. Ombi limeliona hilo, na Tume ya Uchaguzi ikalisaidia: eneobunge la Nyali lilimegwa kutoka Kisauni, likapiga kura zake za kwanza mwaka 2013, na ndani yake zikaingia Kongowea, Frere Town na Ziwa la Ng'ombe. Tangu hapo mtoto wa Ziwa la Ng'ombe anayeandika Nyali hadanganyi, na mahojiano yameanza kuwa na mazungumzo ya namna hii:

"Unaishi wapi?"

"Nyali, madam."

"Nyali gani?"

"Nyali, madam, ile ya ndani."

Hao wa Junda na Mwakirunge, waliobaki upande wa Kisauni, hawana la kufanya mpaka mipaka ichorwe tena.

Sifa za ombi hazikamiliki bila kutaja riziki linayogawa. Kabla kiazi kimoja hakijaingia kwenye mafuta, mwenye saiba amelipwa kwa kuchapa, kwa kuprinti, kwa fotokopi na kwa kumkumbusha mteja pasiwadi aliyoisahau. Mpiga picha wa pasipoti amelipwa. eCitizen imechukua yake, maabara yake, na makanga, mwenye tuktuk na wa bodaboda zao. Ni feri pekee inayomvusha mtembea kwa miguu bure, na hata hapo kuna mtu wa kumuuzia maji na njugu. Mkahawa wenyewe huajiri watu wachache kwa msimu. Ombi lake hulisha mtaa kila siku ya juma isipokuwa Jumapili. Matapeli nao wamo, wale wanaopiga simu kusema nafasi imepatikana na imebaki tu pesa ya sare, itumwe kwa M-Pesa kabla ya saa sita. Hao ni wezi, wala hakuna njia ya kuwapamba. Hata hivyo lazima isemwe kwamba mwizi huyo ndiye mtu wa kwanza kumpigia mwombaji simu.

Bahasha ikiwa tayari hupelekwa kwa mkono. Kwenye feri ya asubuhi, ambako umati husukumana mlangoni kabla haujafunguliwa, huingizwa ndani ya shati, ikalala juu ya tumbo, na kwa kuwa ni kaki hufyonza jasho la mwenyewe. Mlangoni mwa mkahawa hupokewa na soja. Vitabu vya uongozi hueleza idara ya rasilimali watu kwa kurasa nyingi. Kwa kweli idara hiyo ni soja na katoni ya mafuta ya kupikia iliyo chini ya kiti chake. Yeye huitazama bahasha, humtazama mwenyewe viatu, na husema, "Acha hapo." Busara humtaka mwombaji amwite mkubwa na amwachie ya soda.

Wachache huitwa mahojiano. Hufanywa asubuhi kabla wateja hawajaja, viti vikiwa bado juu ya meza, waombaji wanane au tisa wakisimama mstari mmoja kama kwenye gwaride. Lugha ni Kiingereza, kwa ajili ya kazi ambayo siku nzima itaendeshwa kwa Kiswahili. Swali la kwanza ni kwa nini unataka kufanya kazi hapa. Jibu la kweli, njaa, halikubaliki. Linalokubaliwa ni kupenda watu. La pili ni mteja akikutukana utafanya nini. La tatu huulizwa watu wa Likoni peke yao: feri ikikwama je? Hapa kila kijana wa Timbwani ana jibu lake alilolirithi kwa kaka zake, kwamba atatoka nyumbani saa kumi alfajiri. Na meneja, ambaye naye aliwahi kukwama ndani ya feri katikati ya maji, hutikisa kichwa kwa huruma na kuandika kitu kidogo kwenye karatasi. Wote huambiwa, "Tutakupigia." Kauli hiyo ina adabu kubwa. Haimkatai mtu, haimkubali, na huifanya simu yake iwe imejaa chaji kwa wiki tatu.

Anayechukuliwa huanza kwa majaribio, ambayo Sheria ya Ajira ya 2007 huyapa ukomo wa miezi sita, labda mwenyewe akubali yaongezwe, au huanza kama kibarua, ambaye sheria hiyo humwelezea kuwa mtu wa kulipwa mwisho wa siku na asiyeandikwa kwa zaidi ya saa ishirini na nne kwa mara moja. Kibarua akifanya kazi mfululizo mwezi mzima sheria humgeuza kuwa mwajiriwa wa mshahara wa mwezi. Ndiyo maana wapo waajiri wanaompumzisha kwa upendo siku mbili tatu kabla mwezi haujatimia. Akifika kwenye mshahara, hukatwa asilimia 2.75 ya bima ya afya ya jamii na asilimia 1.5 ya nyumba za bei nafuu, juu ya ile ya mfuko wa hifadhi ya jamii, NSSF. Kazi yenyewe huijua kwa siku tatu. Viazi hutoka vikiwa vimekatwa, vimegandishwa, na kengele ya mashine humwambia wakati wa kuvitoa. Muda ambao saiba, maabara na vidole vya wino vilimchukua ulikuwa mrefu zaidi ya huo mara kadhaa, na hapo ndipo ukubwa wa ombi mbele ya kazi unapoonekana.

Asiyechukuliwa hana hasara. Cheti chake cha afya huisha baada ya miezi sita, naye hurudi Port Reitz na kopo jingine, akijua sasa mlango wa maabara ni upi na dirisha la malipo ni lipi. Barua yake husahihishwa tarehe. Mwezi wa Juni ukikaribia kwisha huenda saiba, hukaa kwenye foleni ya wenzake, na hutangaza kwa Mamlaka ya Ushuru kwamba kwa mwaka uliopita hakupata kitu. Mashine hufikiri kidogo, kisha hutoa hati ya kuthibitisha kwamba taarifa imepokelewa, yenye jina lake kamili, namba yake na tarehe. Katika maombi yote aliyowahi kupeleka popote, hiyo ndiyo barua ya pekee iliyomjibu.